Mtumba: Habari za Neno la Ujiji, na Maana ya Kuukataa

Katika madarasa yetu siku hizi limeingia neno urejelezaji, yaani kazi ya kukitwaa kitu kilichokwisha kutumika na kukifanya kifae tena. Vitabu hulisifu neno hili, nasi walimu twalifundisha. Lakini pembeni yake kuna usemi mwingine ambao watoto huusikia sokoni na katika habari za serikali, nao ni "kukataa mitumba," au kwa ukali zaidi "kupiga vita mitumba." Mtoto mwenye akili huuliza: Je, akataaye mitumba si mpinzani wa urejelezaji? Ikiwa kutumia tena ni jambo jema, mbona mataifa ya Afrika Mashariki yalikubaliana kuzizuia nguo zilizokwisha kuvaliwa?

Swali hili lastahili jawabu la kweli. Jawabu hilo haliko katika hesabu za biashara peke yake; liko pia katika neno lenyewe. Maana mtumba si neno la jana. Lilipita katika nchi yetu begani mwa watu zaidi ya miaka 150 iliyopita, nalo lilituliwa hapa Ujiji, ukingoni mwa ziwa, pamoja na mizigo mingine ya misafara. Basi yafaa tulifuate tangu huko, tuone lilichukua nini hapo kale na lachukua nini sasa.

Hapo zamani mtumba ulikuwa mzigo wa nguo uliofungwa kwa ajili ya mpagazi. Kamusi ya Madan ya mwaka 1903, na ile ya Kamati ya Lugha ya mwaka 1939 iliyosimamiwa na Johnson, zaeleza hivyo: furushi, robota, mzigo hasa wa nguo. Habari za ukuukuu hazimo kabisa. Neno hili limekaa karibu na tumba, yaani ua ambalo halijafunguka, na tumba tena ni mfuko wa ukili. Katika yote kuna wazo moja la kitu kilichofungwa, kilicho na jambo ndani yake.

Tena ufungaji wa mtumba ulikuwa kazi ya ustadi. Nguo zilikunjwa, zikabanwa, zikaviringwa kama mto mrefu wa kulalia, zikakazwa kwa kamba hata umande na mvua visiingie upesi. Uzito wake ulikuwa ratili 60 hata 70, kipimo cha bega la mtu mmoja. Wanyamwezi waliosifika kwa upagazi waliichukua mitumba hiyo kutoka Bagamoyo na pwani ya mrima, wakapita Ugogo, wakapumzika Unyanyembe karibu na Tabora, kisha wakashuka Ujiji. Ilikuwa safari ya miezi. Burton na Speke waliondoka pwani katikati ya mwaka 1857, wakaingia Ujiji mwezi wa Februari 1858, yaani baada ya karibu miezi minane.

Nguo zilizokuwa ndani ya mtumba hazikuwa za kuvaa tu. Zilikuwa fedha. Mikono minne ya nguo ilikuwa shuka, na shuka mbili zilikuwa doti. Kwa doti mtu alinunua chakula, alilipa wapagazi, alitoa hongo kwa watawala wa njiani. Na hapa yafaa kutazama neno hongo lenyewe. Zamani lilikuwa ushuru wa kupita katika nchi ya mtu, uliodaiwa waziwazi na kulipwa waziwazi. Leo ni rushwa ya kificho. Maneno ya misafara yalibaki baada ya misafara kwisha, lakini mengine yaliharibika njiani kama mizigo iliyolowa. Hongo ni mojawapo, na mtumba ni neno la pili.

Katika soko la Ujiji ushanga uitwao sofi ndio uliokuwa sarafu ndogo ya kununulia samaki, mihogo na mawese, na nguo ilikuwa sarafu kubwa. Kwa nguo zilinunuliwa pembe za ndovu. Kwa nguo walinunuliwa hata watu. Yeyote aandikaye habari za mtumba wa Ujiji asilifiche jambo hili: mtumba mmoja uliofika salama uliweza kumtoa mtu kwao na kumpeleka pwani asirudi tena.

Nguo iliyotakiwa kuliko zote iliitwa merikani. Ilikuwa nguo ya pamba isiyotiwa rangi, nzito, yenye kudumu, iliyofumwa katika viwanda vya Massachusetts na kuletwa Unguja kwa majahazi ya watu wa Salem. Mwaka 1833 Marekani ilifanya mapatano ya biashara na Sayyid Said, na baada yake jina la nchi likawa jina la nguo. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, mwaka 1861 hata 1865, vilipoikata pamba yao, nguo za Uingereza na za Bara Hindi zilishika nafasi. Hata hivyo jina merikani halikuondoka vinywani. Wasomaji walishike jambo hili, maana Marekani itarudi tena katika habari za mtumba, na safari hiyo haitakuwa na nguo mpya.

Kabla ya hayo wenyeji wa Buha na wa pwani ya ziwa walivaa ngozi, na nguo za magome ya miti yaliyopondwa hata yakawa laini. Kuvaa merikani kulikuwa heshima. Hivyo katika karne ya 19 mtu aliyeambiwa, "Mtumba umefika," alifurahi. Neno lilinuka upya wa nguo, lilinuka mali. Hakuna aliyeona haya kulitamka.

Lakini hata wakati huo lilitokea jambo moja Ujiji ambalo, tukilitazama leo, ni kama kivuli cha mambo yaliyokuja baadaye. Mwezi wa Oktoba 1871 David Livingstone alirudi Ujiji kutoka Manyema, amechoka na mgonjwa, akitumaini kuikuta mali aliyoletewa kutoka pwani. Hakukuta kitu. Msimamizi wa mali hiyo, aliyeitwa Sherifu, alikuwa amepiga ramli na kuona kwamba mwenye mali amekwisha kufa. Basi akaiuza yote kwa pembe. Yadi 3000 za nguo na ratili 700 za ushanga zilikuwa zimekwenda. Siku chache baadaye aliingia Stanley na mitumba yake, na shida ile ikapungua. Nguo za mtu aliyedhaniwa amekufa, zikauzwa sokoni naye yu hai! Wazo hili tutalikuta tena.

Reli ya kati ilipofika Kigoma mwaka 1914, upagazi wa safari ndefu ulikwisha. Mizigo iliyosumbua mabega kwa miezi sasa ilisafiri kwa siku chache katika behewa. Ujiji ilipungua, Kigoma ikakua kwa sababu ya bandari yake na stesheni yake. Neno mtumba lingaliweza kufa pamoja na mpagazi. Halikufa, lilibaki kwa wauza nguo likiwa jina la robota. Na nguo zilizokwisha kuvaliwa Ulaya na Marekani zilipoanza kuja kwa wingi zimebanwa katika marobota, zikalirithi jina.

Hapo yalitokea mageuzi mawili. Kwanza, jina la kifungio likawa jina la kilichofungwa. Zamani mtumba mmoja ulikuwa na nguo nyingi ndani yake. Leo shati moja ni mtumba. Furushi lenyewe limenyang'anywa jina lake, nalo sasa huitwa belo, neno la kigeni. Muuzaji wa soko la Mwanga, Kigoma, husema, "Nimefungua belo, njoo uchague mitumba." Babu yake angalisema, "Nimefungua mtumba, njoo uchague nguo." Pili, maana ya ukuukuu iliingia, nayo ikashinda maana nyingine zote. Sasa twasikia gari la mtumba, simu ya mtumba, hata mawazo ya mtumba, yaani mawazo ambayo mwingine amekwisha kuyavaa. Mzigo umetoka katika neno. Kilichobaki ni utumizi wa mtu mwingine.

Majirani zetu walizipa nguo hizi majina kwa njia nyingine. Watu wa Rwanda husema caguwa, nalo ni kuchagua kwetu. Katika Zambia, ambako ziwa letu hukoma upande wa kusini kwenye bandari ya Mpulungu, husema salaula, neno la Kibemba lenye maana ya kupekua na kuchagua. Hao wawili walitazama mkono wa mnunuzi, ukipekua katika rundo. Kiswahili hakikutazama mkono wa mnunuzi. Kilitazama mzigo na njia ndefu uliyopita. Tofauti hii ni ndogo kwa sikio, lakini ni kubwa kwa maana, na hoja yangu yote yasimama juu yake.

Jina jingine lililotumika Tanzania ni kafa Ulaya. Maana yake ni kwamba mwenye nguo amefia huko, nasi twavaa masazo ya marehemu. Kwa kweli nguo nyingi za mitumba hutolewa na watu wazima wenye afya waliozichoka tu. Lakini jina halikutungwa kueleza habari za nguo. Lilitungwa kueleza uchungu wa avaaye. Wazo hili halijafa. Mwezi wa Agosti 2023 Rais Museveni wa Uganda, akitangaza kwamba ataizuia mitumba, alisema ni nguo za wafu. Sherifu wa Ujiji aliuza mali ya mtu kwa kusema amekufa. Sisi twanunua mali ya watu kwa kusema wamekufa. Katika yote mawili kifo kinatajwa ili kueleza jinsi kitu kilivyomwacha mwenyewe.

Sasa tutazame ukataaji wenyewe. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 serikali ya Tanzania ilitaka pamba ya nchi ifumwe nchini. Kiwanda cha Urafiki kilifunguliwa Dar es Salaam mwaka 1968 kwa msaada wa China, na viwanda vingine vilijengwa Mwanza na Musoma, karibu na mashamba ya pamba. Katika siasa ya namna hiyo mitumba haikuwa na nafasi. Lakini baada ya vita vya Uganda vya mwaka 1978 na 1979 nchi iliishiwa na fedha za kigeni, viwanda vikakosa vipuri, na nguo zikaadimika hata watu wengine wakavaa magunia. Katikati ya miaka ya 1980 milango ya biashara ilifunguliwa, na Rais Mwinyi, aliyeingia madarakani mwaka 1985, akapewa na watu jina la Mzee Ruksa. Mitumba iliingia kama maji ya mvua. Maskini alivaa, na hilo lilikuwa jema kubwa lisilofaa kudharauliwa. Viwanda vilizidi kulegea, na hilo lilikuwa hasara kubwa isiyofaa kufichwa. Tusiseme kwamba mitumba peke yake iliviua, maana vilikuwa vimekwisha kuugua. Lakini mgonjwa aliyenyang'anywa chakula hapati nafuu.

Tarehe 2 Machi 2016, wakuu wa nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki walikutana Arusha, wakakubaliana kwamba nguo na viatu vilivyotumika viondolewe sokoni pole pole, ili viwanda vya nchi zao vipate nafasi. Na mwaka 2019 ukatajwa kuwa ukomo. Rwanda ilipandisha ushuru wa nguo hizo kutoka senti 20 za dola kwa kilo hata dola mbili na nusu. Ndipo Marekani iliporudi katika habari zetu. Mwaka 1917 tusingalidhani, wala mwaka 1867, lakini mwaka 2017 ilitokea hivi: chama cha wafanya biashara wa Marekani wa nguo zilizotumika na vitambaa vya kurejelezwa kilipeleka mashtaka kwa serikali yao, kikisema kwamba uamuzi wa Arusha utawapotezea watu wao kazi zipatazo 40,000. Serikali ya Marekani ikatangaza kwamba itachunguza kama nchi hizi zastahili tena kuingiza bidhaa zao huko bila ushuru. Kenya ilijitoa mapema katika shauri lile. Tanzania na Uganda ziliahidi mwaka 2018 kutoendelea na uzuiaji. Rwanda ilishika neno lake, na mwishoni mwa Julai 2018 ikaondolewa nafuu ya ushuru kwa nguo zake.

Tazameni basi jinsi mambo yalivyopinduka. Katika karne ya 19 Marekani ilituletea merikani mpya ndani ya mtumba. Katika karne ya 21 ilisimama kuutetea mtumba wa nguo zilizoachwa. Na walioutetea walijiita warejelezaji. Kwa jina hilo, aliyeukataa mtumba alionekana kuwa adui wa jambo jema, mtu apendaye vitu vitupwe na dunia ijae taka. Hapo ndipo neno lilipogeuka kuwa silaha, na hapo ndipo mwalimu wa lugha anapopaswa kusimama na kuuliza: Je, ni kweli?

Rejeleza latokana na rejea. Kurejea ni kurudi mahali ulipokuwa. Chuma kilichokuwa sufuria kikayeyushwa na kuwa sufuria tena, kimerejea. Karatasi iliyokuwa kitabu ikawa karatasi tena, imerejea. Lakini mtumba haurejei. Hutoka kwa mwenye nacho, huvuka bahari, hutuliwa kwa asiye nacho, na ukichakaa huko hubaki huko. Jalala lake ni letu. Njia yake ni ya upande mmoja, sawa na njia ya msafara uliouleta mtumba wa kwanza. Ndiyo maana nasema Kiswahili kiliona vizuri kilipochagua jina la mzigo. Kiliona kwamba jambo kubwa katika nguo hizi si kwamba zimetumika. Jambo kubwa ni kwamba zimetumwa.

Ushahidi uko katika vitu tusivyoviita mitumba. Viatu vilivyokatwa katika mpira wa gari huitwa katambuga. Hakuna aviitaye mtumba, ingawa mpira ule umekwenda maelfu ya maili. Taa iliyotengenezwa kwa kopo tupu ni koroboi, wala si mtumba. Kanga ya mama iliyochakaa ikawa ya kumbebea mtoto, kisha ikawa tambara la kufutia meza, haikuwa mtumba hata siku moja. Kwa vitu hivi lugha ina maneno yake ya upole: kuukuu, chakavu, kiraka. Na mithali husema, Usiache mbachao kwa msala upitao. Mbacha ni mkeka uliochakaa, lakini ni wako. Msala ni mzuri, lakini wapita. Wahenga waliokisifu kitu kikuukuu cha nyumbani hawawezi kuitwa wapinzani wa kutumia tena.

Ushahidi mkubwa kuliko wote ulielea mbele ya macho yetu hapa Kigoma. Meli Graf von Götzen iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa kwa bahari na kwa reli katika masanduku kama 5000, ikaunganishwa Kigoma na kushushwa majini mwaka 1915. Mwezi wa Julai 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha ili adui asiipate, baada ya kuzipaka mitambo yake mafuta mazito. Waingereza waliiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikaanza kazi kwa jina la Liemba, jina la ziwa ambalo Livingstone alilisikia upande wa kusini mwaka 1867. Kwa miaka mingi ilichukua watu, dagaa na mahindi kati ya Kigoma na Mpulungu. Na mwezi wa Mei 2015, ikiwa na umri wa miaka mia, iliwachukua wakimbizi wa Burundi kutoka Kagunga hata Kigoma. Ni kitu kilichotumika, kikatupwa, kikatumika tena. Lakini ni nani pwani hii aliyewahi kuiita meli ya mtumba? Ilizama katika ziwa hili, ikarejea juu ya maji ya ziwa hili, ikapewa jina la ziwa hili. Huo ndio urejelezaji kwa maana yake kamili.

Basi Kiswahili hakikutunga jina la mtu apingaye urejelezaji, kwa sababu watu wa namna hiyo hawakuonekana. Kilichoonekana ni mtu akataaye mtumba, na hayo ni mambo mawili. Akataaye mtumba hasemi, "Sitaki kitu kikuukuu." Asema, "Sitaki kuwa mwisho wa njia ya mtu mwingine."

Hata hivyo mwalimu asimfanye mtoto aione haya nguo aliyovaa. Katika shule zetu za Kigoma na Ujiji watoto wengi huja na sweta na viatu vilivyotoka katika belo, na mama aliyevinunua alikosa chakula cha siku ile ili mwanawe asirudishwe nyumbani. Wako wajane waliosomesha watoto kwa faida ya mitumba. Wako mafundi cherehani waketio barazani, wakiitwaa suruali pana ya mgeni na kuikata ikawa kaptula mbili za wanafunzi. Mtu asemaye mitumba izuiwe kesho ana deni la kuwaeleza hao watakula nini kesho kutwa. Uzuiaji usio na kiwanda nyuma yake ni kumvua maskini shati na kumwacha uchi kwa jina la heshima.

Kwa hiyo nashauri walimu wenzangu tufundishe maneno matatu kwa maana tatu. Kutumia tena ni kazi ya mwenye kitu, akikitunza na kukitia kiraka. Urejelezaji ni kukirudisha kitu katika kazi kwa mikono na ufundi, na kazi hiyo hubaki na watu wa mahali pale. Mtumba ni mzigo uliotoka mbali, uliochoshwa na wengine. Yule fundi wa barazani akiisha kuikata suruali ile, huitoa katika neno la tatu na kuitia katika neno la pili. Kwa mkasi wake mtumba unakoma kuwa mtumba. Watoto wakiijua tofauti hiyo, wataweza kusoma habari za mapatano na za ushuru bila kudanganywa na majina mazuri, na tena bila kumcheka mwenzao kwa ajili ya shati lake.